Taarifa ya Mwenyekiti kwa Mkutano Mkuu wa Mwaka

Ndugu wanachama,

Maonyesho yetu ya filamu ya Jumamosi ya mwisho wa mwezi yamefanyika, isipokuwa Aprili kwa sababu ya mvua. Projekta imetengenezwa mara mbili. Misiba tumeshiriki. Hayo mnayajua.

Nije kwenye kipindi cha televisheni, maana naona wengine wamekuja kwa hilo tu. Tulialikwa kuzungumzia filamu ya zamani ya urafiki wa wanawake, filamu tuchague wenyewe. Kamati ilichagua Thelma & Louise ya 1991. Nasema kamati, ingawa kati ya wajumbe 9 tulifika 3. Asiyekuja kikaoni asituandikie WhatsApp saa sita usiku.

Imesemwa ile ni filamu ya majambazi. Jamani! Wale ni mhudumu wa mgahawa na mama wa nyumbani, wametoka Arkansas kwenda kupumzika siku mbili. Louise anampiga risasi mwanamume aliyetaka kumbaka mwenzake, na tangu hapo hakuna anayemtupa mwenziwe. Thelma angeweza kurudi kwa mumewe. Hakurudi. Callie Khouri alipata Oscar kwa kuiandika, na Susan Sarandon na Geena Davis waliteuliwa wote wawili kuwania ya mwigizaji bora wa kike. Mtangazaji hakuyajua hayo. Niliyasema mimi, bila karatasi.

Imesemwa pia nimetoboa mwisho. Nilisema tu kwamba polisi wamejaa nyuma, korongo liko mbele, Louise anakanyaga mafuta, nao wanashikana mikono. Mwongozaji, Ridley Scott, anaigandisha picha gari likiwa bado hewani. Sasa mwisho nimeutoboaje, ikiwa mwenyewe hakuuonyesha?

Kuhusu kwa nini nilikwenda mimi: niliomba wa kunisindikiza, wakajitolea 5, asubuhi ile akatokea mmoja. Nauli, vitenge vya sare na chai vilikula shilingi 240,000. Stakabadhi zipo, isipokuwa ya bodaboda.

Ada sasa. Tuko 48, waliolipa 17. Na miongoni mwa wanaouliza fedha za vitenge zimetoka wapi, waliolipa ni wawili.

Mwakani, Mungu akijalia, tutapata projekta mpya, na pengine ukumbi wenye feni. Vitenge 4 vya sare vimebaki kwa mweka hazina. Ukitaka kimoja, lipa ada kwanza.