Usukani unagawiwa kijiweni

Ndugu Mhariri,

Naomba nafasi katika safu yako ya barua. Naandika usiku huu nikisubiri gari lirudi, kwa hiyo wasomaji wakiona nimekatiza ghafla wajue suka, yaani dereva wangu, amefika na hesabu ya siku pungufu.

Kila Machi 8, Siku ya Wanawake, ikikaribia hapa Mwanza hutafutwa dereva mwanamke. Anavalishwa kitenge cha sare, anapandishwa kwenye gari lililooshwa likang'aa, anapigwa picha ameshika usukani na mgeni rasmi amesimama mlangoni. Nampongeza kila mwaka. Ila mwaka huu nimeangalia picha za nyuma nikaona sura ni ile ile, na hata kitenge nadhani ni kile kile. Kama madereva wa kike ni wengi kama hotuba zinavyosema, kwa nini tunamsumbua huyo mmoja?

Nilikuwa konda miaka sita kwenye haisi za Igoma kwenda mjini. Leo nina haisi moja ya kwangu, kuukuu lakini inatembea. Nimening'inia mlangoni nikiita abiria mpaka sauti ikakauka, na sasa ndiye ninayeitwa bosi. Kwa hiyo wakubwa wakisema kwenye semina kwamba wanawake hawajitokezi kuomba kazi za usafirishaji, mimi huuliza kimoyomoyo: waombe wapi? Ni lini umeona tangazo la kazi ya udereva wa daladala limebandikwa Igoma au Buhongwa?

Usukani wa Mwanza unagawiwa kijiweni. Dogo anaanza kwa kuosha magari. Saa nne usiku suka amechoka, anamrushia ufunguo: "Dogo, ligeuze." Dogo analigeuza. Baada ya wiki kadhaa anatumwa alipeleke sheli, halafu anapanda kuwa konda. Siku suka akipata msiba Sengerema, dogo ndiye dei waka, yaani dereva wa kibarua cha siku. Akimaliza siku tatu bila kugonga, jina limeshatoka, na wenye magari wengine wanamuulizia. Chuo na leseni vinakuja baadaye, mkono umeshazoea. Sisemi ni halali, nasema ndivyo ilivyo, na trafiki wakisoma hapa wanisamehe.

Sasa mtoto wa kike aende kuosha magari saa nne usiku, akae kijiweni na wanaume kumi wanaocheza drafti na kuvuta wanavyovuta, akisubiri kuambiwa "ligeuze"? Mimi mwenyewe ninayeandika haya singemruhusu binti yangu. Mlango unafungwa hapo, mapema kabisa, kabla ya leseni wala usaili. Hakuna mtu aliyekaa akapanga kuwazuia wanawake, na kwa sababu hiyo hakuna wa kumshtaki.

Tuna sheria nzuri, nilizisoma nilipokuwa na shida yangu. Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini ya mwaka 2004 inakataza kumbagua mfanyakazi kwa jinsia, ujauzito au ulemavu. Inampa mama aliyejifungua likizo ya siku 84 yenye malipo, 100 akipata mapacha, na anayenyonyesha anapewa muda usiozidi saa mbili kwa siku. Sasa nani atamlipa dei waka hizo siku 84? Anachukua gari alfajiri, anaweka mafuta, anatoa hesabu ya bosi, kinachobaki wanagawana na konda. Ukimuuliza mwenye gari atakwambia hana mwajiriwa, ana mtu wa kumletea hesabu.

Mimi nilishuka kwenye gari nikiwa na mimba ya miezi saba, tumbo limeanza kugusa viti vya abiria. Niliporudi na mtoto mgongoni, mlango ulikuwa na mwenyewe. Bosi alinipokea vizuri, akampa mtoto elfu kumi ya sabuni. Hakunifukuza. Ningefurahi angenifukuza, ningekuwa na la kupeleka kwa mtu.

Sheria ya Watu Wenye Ulemavu ya mwaka 2010 nayo inasema mwajiri mwenye watu ishirini na kuendelea, asilimia 3 wawe wenye ulemavu. Piga hesabu: asilimia 3 ya watu ishirini haifiki hata mtu mmoja mzima. Na mwenye haisi mbili ana watu wanne, wote dei waka. Sheria hiyo inapita juu ya Igoma kama ndege inayoelekea Airport.

Wenye ulemavu hawakusubiri, wamejitafutia kwenye bajaji. Bajaji gia na klachi viko mkononi, shida ni breki tu, iko mguuni. Namfahamu mwenzetu mmoja ambaye miguu yake haina nguvu tangu utotoni. Fundi wa kuchomelea alimchomea kipande cha nondo kikapanda kutoka kwenye pedeli ya breki mpaka usawa wa goti, akakiviringishia mpira wa tyubu ya baiskeli usimuumize kiganja. Anaendesha hivyo mwaka wa nne sasa. Kila trafiki mpya akihamishiwa hapa humsimamisha, huinama, huitazama ile nondo, na wote wawili hubaki kimya, kwa sababu hakuna aliyewahi kumwambia yule askari nondo ya namna hiyo ikaguliwe vipi. Siku nyingine anaachiwa, siku nyingine anatoa ya soda. Angekuwepo mtu wa kuipima nondo hiyo mara moja na kumpa karatasi yake, ingekuwa nafuu kwake kuliko semina zote.

Narudi kwa wanawake, maana nina dhambi yangu ya kuungama.

Alikuja kwangu binti mwenye leseni daraja C, ya magari ya abiria, amesoma udereva, vyeti viko kwenye bahasha ya plastiki. Nikamuuliza: "Una uzoefu?" Swali lile lile ambalo ningeulizwa mimi. Akasema amefanya mazoezi chuoni. Nikamwambia nitakupigia. Gari nikampa kijana. Usingizi haukuja vizuri, lakini nilimpa kijana. Baada ya miezi kadhaa kijana alihamia kwenye kosta ya mtu mwingine, nikampigia binti.

Asubuhi ya kwanza nilikwenda mwenyewe kituoni. Mpiga debe alipoona nani kakaa mbele akapaza sauti: "Leo tunapelekwa na mama, mwenye haraka ashuke!" Watu wakacheka, abiria wawili wakashuka kweli. Bibi mmoja aliyekuwa na beseni la sato akasogeza beseni lake mbele zaidi, akasema yeye anachotaka ni kufika kabla samaki hawajachoka. Gari likaondoka na nafasi mbili wazi.

Wiki ya pili kelele ziliisha. Hesabu ililetwa kama kawaida. Na hapa msije mkaniambia kwamba wanawake wanaendesha kwa upole ndiyo maana wapewe magari. Huyu alikuwa anakimbia kama wenzake, nimemgombeza mara mbili kwa kulipita gari jingine pale mteremkoni. Sikumpa gari kwa sababu ya upole. Nilimpa kwa sababu anajua kuendesha, na akikosea agombezwe kama suka yeyote.

Kilichomtoa ni choo, si abiria.

Gari la kwanza linatoka saa kumi na moja alfajiri. Choo cha kulipia cha karibu kinafunguliwa saa moja, na yule mwenye funguo akichelewa ni saa mbili. Wanaume wana ukuta wao nyuma ya vibanda, unanuka mpaka barabarani. Binti akawa anaomba kwa mama ntilie mmoja anayeishi jirani, lakini huwezi kumgongea mtu mlango kila alfajiri mwaka mzima. Akaamua kuacha kunywa maji. Anakunywa chai nusu kikombe saa kumi, anakaa hivyo hivyo juani, injini ya haisi iko chini ya makalio inachemka, mpaka saa nne. Kichwa kikaanza kumsumbua, halafu yutiai, yale maambukizi ya njia ya mkojo, akatibiwa, ikarudi. Mwezi wa nne akanirudishia ufunguo, akaniambia kwa adabu sana: "Mama, kazi naipenda, ila nitaharibu figo." Sikuwa na jibu. Miaka sita ya ukonda nilifanya vile vile, na sikuwahi kulisema hata kwa mume wangu, kana kwamba kibofu ni siri ya ndoa.

Ndiyo maana naiandikia Halmashauri ya Jiji na Manispaa ya Ilemela kupitia kwako, Mhariri. Stendi za mabasi za Nyegezi na Nyamhongolo zimejengwa vizuri, nazisifu. Lakini sisi wa daladala tunaishia kwenye vituo vya mwisho huko Igoma na Buhongwa, ambako gari hugeuzia vumbini. Choo kimoja chenye taa, kifunguliwe saa kumi usiku, tutalipia. Ushuru wa kila siku tunautoa, risiti ninazo.

La pili ni mikopo ya asilimia 10 ya halmashauri, ile ambayo 4 ni ya wanawake, 4 ya vijana na 2 ya wenye ulemavu. Kwa mtaa wetu nimeona kikundi cha akina mama kikipata bodaboda, kikampa kijana aiendeshe na kuwaletea hesabu kila jioni. Wamekuwa mabosi kama mimi, na hakuna hata mmoja aliyejifunza kuishika. Mkopo ungeweza kununua kitu kingine: saa za usukani. Binti aliyetoka chuoni akae miezi mitatu pembeni ya suka mzee, mchana kweupe, suka alipwe kwa kumfundisha. Hizo ndizo "ligeuze" ambazo wavulana wanapewa bure usiku.

Halafu kuna ziwa, na huko sitakaa sana. Ripoti ya mwaka 2021 ya BIMCO na ICS, mashirika ya kimataifa ya wenye meli, kuhusu mabaharia duniani ilikadiria wanawake 24,059, asilimia 1.28 tu. Kwetu wapo wanaoamini mpaka leo kwamba mwanamke akiingia mtumbwini samaki wanakimbia, ingawa pale soko la samaki la Mwaloni dagaa wengi wanapita mikononi mwa wanawake. Ila meli siyo mtumbwi wala haisi. Ile MV Mwanza iliyojengwa pale bandari ya Mwanza Kusini, ya abiria 1,200 na tani 400 za mizigo, ina mwajiri, ina mshahara wa mwisho wa mwezi na vyoo. Reli ya SGR ya kutoka Isaka, kilomita 341, ikikamilika nayo itakuwa hivyo. Huko sheria ina mahali pa kushika. Wasituletee jumla ya wafanyakazi wanawake, maana jumla inaficha. Watuambie wangapi wako kwenye usukani na chumba cha injini, na wangapi wanakata tiketi. Kukata tiketi ni kazi ya heshima, ila hakuna nahodha aliyetokea dirishani.

LATRA, mamlaka ya usafiri wa ardhini, wao hunipa leseni ya kusafirisha abiria, na nikienda kuihuisha huwa najiandaa kwa maswali ya bima na ubovu wa gari. Siku wakiniuliza pia nimemfundisha nani usukani mwaka huu, nitababaika, lakini mwaka unaofuata nitakuwa na jibu.

Kwa sasa nilicho nacho ni hiki. Jumapili kuanzia saa nane mchana haisi yangu haina kazi. Suka wangu mzee amekubali kukaa kiti cha pembeni. Binti mwenye leseni anayetaka kulizungusha, hata wawili kwa zamu, aje Igoma kituoni aulize haisi ya mama konda, watamwonyesha. Aje na lita tatu za mafuta, maana mimi si tajiri. Ufunguo wa choo cha jirani nimeshaomba.

Mama konda,
Igoma, Mwanza