Barua ya wazi kwa Waziri wa Utamaduni: msanii wa majaribio asingoje uzee

Mheshimiwa Waziri,

Nakuandikia kwa ajili ya wasanii wanaofanya miili yao kuwa kazi ya sanaa, kisha wakashika kamera wenyewe. Fomu za ruzuku huwauliza mswada uko wapi na tiketi ngapi zitauzwa. Hawana la kujaza. Onyesho lao hufanyika mara moja mbele ya watu wachache, na kinachobaki ni mkanda wa filamu.

Mtazame Carolee Schneemann wa Marekani, aliyezaliwa 1939. Alianza na uchoraji, na hakuacha kujiita mchoraji hata alipokuwa akifanya mambo ambayo wachoraji wengi waliyakimbia. Mwaka 1964 alionyesha Meat Joy jijini Paris, miili ikigaagaa pamoja na samaki wabichi, kuku na rangi. Mwaka huohuo akaanza Fuses, filamu ya mapenzi yake na mwenzi wake. Mkanda wenyewe aliupaka rangi, akauchoma, akaukwaruza, hadi 1967. Simba wa Dhahabu, tuzo ya maonyesho makubwa ya sanaa ya Venice, Italia, kwa kazi ya maisha yake yote alimpata 2017. Akafariki 2019. Heshima iliyochelewa zaidi ya miaka 50 inaniuma, maana miaka hiyo ndiyo msanii huhitaji kodi ya studio, filamu mbichi na maabara ya kuisafishia.

Ana Mendieta, msanii mzaliwa wa Havana, Kuba, hakuufikia hata uzee huo: alifariki 1985 akiwa na miaka 36. Alichora umbo la mwili wake ardhini kwa matope, maua, moto na baruti, akalipiga filamu ya Super 8, yaani mkanda mwembamba wa milimita 8. Maumbo yale yalikwisha kwa maji na upepo. Tunayajua kwa sababu ya mikanda na picha zake tu.

Na mikanda nayo hufa, Mheshimiwa. Ile ya asetati, aina ya plastiki, ikikaa penye joto na unyevu huanza kunuka siki, husinyaa, hujikunja, na mvuke wake huharakisha uozo wa mikanda iliyo jirani. Chumba baridi na kikavu hupunguza kasi hiyo, lakini hakirudishi picha iliyokwisha kuharibika.

Kwa hiyo naomba fungu la kununua kazi hizi na kuzitengenezea nakala wakati msanii yu hai na bado anafanya kazi. Kila ununuzi uambatane na mahojiano marefu: onyesho lirudiwe na nani, kwa masharti gani, na lipi lisirudiwe kabisa. Hayo anayajua yeye peke yake. Alipwe kila kazi yake inapoonyeshwa. Na katika kamati inayosoma maombi, waweke watu waliowahi kufanya sanaa hii kwa miili yao. Fomu watajua wenyewe namna ya kuiandika upya.

Wako katika utumishi wa sanaa,
Mhifadhi wa filamu