Aya za Ijumaa zipangwe kwa herufi zinazostahiki

Mhariri,

Naomba nafasi katika safu yako ya barua nizungumzie jambo ambalo wasomaji wengi wa mwambao wameliona na kulinung'unikia barazani, ila sijaona aliyeliandikia. Katika ukurasa wa dini wa kila Ijumaa, aya na hadithi zinazochapwa kwa Kiarabu hutoka mara kwa mara zikiwa zimevunjika: herufi zimesimama moja moja bila kushikana, na mstari umepangwa kutoka kushoto kwenda kulia. Majuzi bismillahi yenyewe ilitoka hivyo, mimu ya mwisho ikitangulia upande wa kulia na bee ya mwanzo ikiwa imesukumwa hadi ncha ya mstari. Kwa msomaji asiyejua Kiarabu hilo ni pambo tu, lakini kwa aliyepita chuo cha Kurani haisomeki kabisa.

Sidhani kuwa kuna aliyekusudia ubaya. Programu ya kupanga kurasa ikiachwa katika mpangilio wa lugha za Ulaya peke yake, huichukulia kila herufi ya Kiarabu kuwa kipande kinachojitegemea, kama zilivyo herufi za Kilatini. Programu nyingi za siku hizi zina sehemu ya lugha zinazoandikwa kutoka kulia, na fundi wenu akiiwasha, tatizo la kwanza litakwisha siku hiyo hiyo. Linalobaki ni la pili, ambalo ndilo lililonifanya niandike: fonti gani itumike. Pendekezo langu ni Amiri, na ningependa nieleze ilikotoka, kwa sababu asili yake ndiyo hoja yangu.

Amiri ilisanifiwa na Khaled Hosny wa Misri, ikaanza kuenea mwanzoni mwa miaka ya 2010. Hakuibuni kutoka hewani. Aliifufua hati ya naskhi, yaani mwandiko wa Kiarabu uliozoeleka vitabuni, iliyochongwa kwa ajili ya matbaa (kiwanda cha uchapaji) ya Bulaq jijini Cairo mwanzoni mwa karne ya 20. Matbaa hiyo ilianzishwa na Muhammad Ali Pasha mwaka 1820, ikajulikana pia kwa jina la Amiria, na fonti imerithi jina hilo. Herufi zake za risasi, yaani vipande vya madini vilivyopangwa kimoja kimoja ili kuchapa, ndizo zilizopanga msahafu wa Cairo wa mwaka 1924, na hapo pana jambo la kuangaliwa, kwa kuwa misahafu mingi tunayoijua, ikiwemo ile ya Madina iliyoandikwa na Uthman Taha, ni kazi ya mkono wa khatati, bingwa wa kuandika hati nzuri, iliyopigwa chapa baadaye. Kuupanga msahafu herufi kwa herufi, kwa vipande vya risasi, na bado ukakubalika kwa wanachuoni, si jambo dogo.

Ugumu wenyewe uko hapa. Watu husema kuwa herufi ya Kiarabu ina sura nne, ya mwanzo, ya kati, ya mwisho na ya peke yake, na hilo ni kweli kwa mtoto anayeanza kusoma. Khatati anajua kuwa sura ya herufi hutegemea pia jirani yake. Litazame jina la Muhammad lilivyoandikwa kwa naskhi nzuri: mimu ya kwanza haikai kwenye mstari ikaisubiri hee ifuate, bali hupanda juu, kisha kalamu ikateremka na kuingia kwenye hee kutoka juu. Fonti nyingi za kawaida za kompyuta huziweka mimu na hee bega kwa bega kwenye mstari mmoja ulionyooka. Jina husomeka, ndiyo, lakini mwendo wa kalamu umepotea. Amiri hukipandisha kile kichwa cha mimu mahali pake, na hufanya vivyo hivyo kwa herufi nyingine zinazoitangulia hee, jimu au khee. Haya yote yameandikwa ndani ya fonti kwa kanuni ambazo kompyuta huzifuata yenyewe, kwa hiyo mpangaji hana la ziada la kufanya ila kuandika neno kama kawaida.

Irabu nazo, yaani alama za sauti zinazowekwa juu na chini ya herufi, zimepangwa kwa uangalifu huo huo. Fatha (alama ya a) iliyo juu ya shadda (alama ya kukaza herufi), iliyo juu ya lamu ndefu, inahitaji nafasi yake ili isigongane na nukta za mstari wa juu, na kasra isizame ndani ya kikombe cha herufi. Mafundi wa risasi walilitatua hilo kwa mamia ya vipande tofauti, na Hosny akalitatua kwa hesabu. Alifanya kazi akiangalia vitabu vilivyochapwa, na ukurasa uliochapwa si shahidi mwaminifu sana, kwa sababu wino hutambaa kwenye karatasi na kuinenepesha herufi kuliko chuma kilivyochongwa. Msanifu hana budi kuamua ni unene upi ulikuwa wa mchongaji na upi wa wino. Kwa macho yangu ameamua vizuri, kwani mistari ya Amiri ina wembamba na unene wa kalamu ya mwanzi iliyokatwa ncha kwa mshazari, lakini haijifanyi kuwa maandishi ya mkono. Ni herufi ya kitabu, na haioni haya kuwa hivyo.

Huenda fundi wenu akauliza kwa nini magazeti ya Kiarabu yenyewe hutumia herufi zilizorahisishwa. Jibu ni la kiwanda. Katika miaka ya 1950 Kamel Mrowa, mwenye gazeti la Al-Hayat la Beirut, alishirikiana na kampuni ya Linotype kupunguza sura za herufi ili zitoshe katika mashine za kupanga chapa, maana habari za usiku zilipaswa kuwa mtaani alfajiri. Uamuzi huo ulikuwa na maana wakati ule. Leo hakuna mashine inayotubana hivyo, na ukurasa wa dini wenye aya tatu au nne kwa wiki hauna haraka ya habari za usiku.

Gharama isiwe kisingizio. Amiri ni ya bure kwa leseni huria, hivyo chumba cha habari kinaweza kuipakua, kuitumia katika biashara na hata kuirekebisha bila kulipa senti. Ina herufi za kawaida na nene, pamoja na za kulala, ambazo mimi naona Kiarabu hakina haja nazo, na iko pia Amiri Quran iliyotengwa kwa ajili ya maandiko ya msahafu. Ina pungufu moja kwa kazi ya gazeti, nalo ni kwamba huchukua nafasi. Mistari yake huhitaji kuachana, na ikiwekwa saizi ile ile ya maneno ya Kiswahili huonekana ndogo kuliko maneno hayo. Safu zenu ni nyembamba, kwa hiyo aya ndefu itabidi ipewe upana wa safu mbili.

Nitaongeza neno kuhusu ukurasa wa utamaduni. Lugha yetu iliandikwa kwa herufi za Kiarabu kwa karne kadhaa kabla ya abjadi ya Kilatini kuenea. Hapa Mombasa, Mwalimu Sikujua aliyefariki mwaka 1890 alijishughulisha kuzifanya herufi hizo zitoshe sauti za Kiswahili, na Sheikh Al-Amin bin Ali Mazrui alipoanza kutoa Sahifa mwaka 1930, waraka wake wa Kiswahili ulisomwa kwa herufi hizo hizo. Amiri ina pe, che na ve zinazohitajika katika mashairi yetu, kwa hiyo mnapochapa beti za Muyaka mnaweza kuweka ubeti mmoja kwa hati aliyoisoma mshairi mwenyewe. Tatizo la kasra kusimama kwa i na e, na dhumma kwa u na o, litabaki kama lilivyokuwa kwa waandishi wa zamani, na wasomaji wake wamelizoea.

Kwa kuanzia ningeomba jambo moja tu. Kabla ukurasa wa Ijumaa haujaenda mtamboni, uchapwe kwenye karatasi na upewe mtu anayesoma Kiarabu auangalie kwa dakika tano, kisha atie sahihi yake pembeni. Maimamu na walimu wa vyuo mjini humu wapo, na sidhani kuwa kuna atakayeidai malipo kazi hiyo.

Wasalaam,

Mwalimu wa chuo, Mombasa