Wanawake watano bila kinanda

Brussels, Jumapili jioni

Mama yangu mpendwa,

Shikamoo. Mimi na watoto hatujambo, na baridi imeanza kupungua. Nimepata ujumbe wa mdogo wangu kwamba kinanda cha kwaya kimeharibika tena, na kwamba akina mama wanasema hawatapanda jukwaani siku ya mashindano kwa kuwa hakuna wa kuwashikia sauti. Jambo hilo limenikaa moyoni wiki nzima, ndiyo maana nakuandikia habari za kundi lililoanzia hapa Brussels karibu na mwaka 1990, la wanawake watano ambao walizunguka dunia wakiimba bila kinanda wala gitaa. Kundi hilo linaitwa Zap Mama.

Aliyelianzisha ni Marie Daulne, mzaliwa wa Isiro, kaskazini-mashariki mwa Kongo, mwaka 1964, mama yake akiwa Mkongo na baba yake Mbelgiji. Wakati wa vita vya waasi walioitwa Simba huko Kongo baba yake aliuawa, na mama yake akakimbilia msituni na watoto, akahifadhiwa na watu wa msituni mpaka familia ikaja Ubelgiji. Wewe, Mama, uliyewapokea hapo Kigoma watu waliovuka ziwa na mafurushi kichwani, safari kama hiyo unaijua. Binti huyo alilelewa huku, lakini alipopevuka alisikia uimbaji wa watu wale wa msituni ukiwa umerekodiwa, akafunga safari kurudi Kongo kuujifunza.

Hapo ndipo ningependa usome polepole. Katika uimbaji ule hakuna mtu mmoja anayeubeba wimbo wote. Huyu anatoa sauti moja na kunyamaza, mwenzake anaijaza nafasi ile ile kwa sauti nyingine, wa tatu anaruka kutoka sauti ya kifuani hadi ile nyembamba ya kichwani na kurudi, hata msikilizaji anasikia wimbo ambao hakuna hata mmoja wao anayeuimba peke yake. Marie aliuchukua ufundi huo, akauchanganya na nyimbo za mataifa mengine, akawatafuta wenzake wa kuimba naye.

Albamu yao ya kwanza ilitoka mwaka 1991. Nimeisikiliza kwa hedifoni usiku, watoto wakiwa wamelala, na kilichonishika kwanza ni pumzi: unasikia mtu akivuta hewa kabla ya kuingia, unasikia ulimi ukigonga kaakaa, na chini kabisa yupo mwanamke anayeshika besi, ile sauti ambayo kwaya yenu husema haiwezekani bila wanaume. Mwaka 1993 kampuni ya Luaka Bop ya Marekani, iliyoanzishwa na mwanamuziki David Byrne, iliitoa albamu hiyo upya kwa jina la Adventures in Afropea 1, ikapanda hadi kileleni mwa orodha ya jarida la Billboard ya muziki wa mataifa mbalimbali (world music). Iliyofuata, Sabsylma ya mwaka 1994, iliteuliwa kuwania tuzo ya Grammy. Sally Nyolo, mzaliwa wa Kamerun aliyeimba katika albamu hiyo, baadaye alijitegemea na kupata jina lake mwenyewe.

Sitakuficha kilichotokea baadaye. Katika albamu ya Seven ya mwaka 1997 Marie aliingiza vyombo vya muziki na wanaume, na lile kundi la wanawake peke yao likaishia hapo. Jina la Zap Mama amebaki nalo yeye, na ameimba na mwimbaji wa Marekani Erykah Badu na kundi la hip-hop la The Roots. Wapo wanaomlaumu. Mimi simlaumu, kwa sababu hata vyombo vilipoingia, sauti za watu ndizo zilizoendelea kuushika wimbo. Hata hivyo, ninapochoka huirudia ile ya mwaka 1991.

Jumamosi iliyopita nilijaribu ufundi huo jikoni na wenzangu wawili wa kazini, mmoja wa Bujumbura na mmoja wa Bukavu. Kila mmoja alipewa silabi moja tu. Mara tatu tulipotea, kwa sababu kila mtu alitaka kujaza nafasi ya mwenzake. Mara ya nne tuliacha kutazamana, tukasikilizana, na wimbo ukakaa. Yule wa Bukavu aliendelea kuupigia mdundo kwa kisigino sakafuni hata baada ya sisi kunyamaza.

Nimezitia nyimbo zote za albamu mbili za mwanzo kwenye flashi, na Baba Mdogo atakuja nayo wiki ijayo. Waketishe akina mama wanne kwa duara, mmoja wa kila sauti, na yule mwenye sauti nzito anayejificha safu ya nyuma umpe besi. Zoezi moja wafanye wakiwa wamefumba macho. Kisha unipigie simu, uiweke karibu nao, nisikie.

Nisalimie wote nyumbani.

Binti yako akupendaye.