Barua ya wazi kwa vijana wa kikundi chetu cha uandishi

Wanangu,

Nimezisoma hadithi zenu zote. Kiswahili mnakiweza, hapo sina neno. Lakini mbona kila mhusika ni meneja? Wazazi wenu nawafahamu: wauza samaki, makuli, mama ntilie. Hawamo hata kwa mstari mmoja.

Someni habari za Octavia Butler, mwandishi wa riwaya, Mmarekani mweusi aliyezaliwa Pasadena, California, mwaka 1947. Baba yake, mng'arisha viatu, alifariki binti akiwa mdogo. Mama yake alifanya kazi za ndani kwa Wazungu, na mara nyingine alikwenda naye. Mtoto akamwona mama anapitia mlango wa nyuma, anasemwa mbele ya uso wake kana kwamba hayupo, naye kimya. Ilimkera, akamwonea haya. Mama huyohuyo ndiye aliyembebea vitabu vilivyotupwa kwenye nyumba hizo.

Baadaye, chuoni, alimsikia kijana mweusi akiwalaani wazee kwa kuvumilia dhuluma muda wote ule. Butler alikwisha kuelewa kwamba uvumilivu ule ndio uliomlisha. Jibu lake likawa riwaya, Kindred, ya mwaka 1979: mwanamke mweusi wa 1976 anavutwa kurudi nyuma hadi jimbo la Maryland enzi za utumwa, ajionee gharama ya kubaki hai. Kwanza mhusika alikuwa mwanamume, haikwenda. Mwanamume asiyezoea kuinamisha macho angeuawa upesi mno. Akambadilisha. Akapanda basi hadi Maryland kupaona mahali penyewe, na hela hana! Miaka hiyo alikuwa mtu wa vibarua: kuosha vyombo, kukagua krispi kiwandani, na kuamka saa nane usiku aandike kabla ya kazi. Tuzo kubwa zilikuja baadaye.

Sasa, kikao kijacho kila mmoja alete kurasa mbili za kazi ya mzazi wake. Sitaki “mama yangu ni shujaa”. Hizo ni sifa za kwenye kadi. Nataka bei ya ndoo ya dagaa, mteja anayekopa na kupotea, na ile siku ulipojifanya humjui mbele ya wenzako. Hiyo ya mwisho hasa. Kamuulizeni mwenyewe kwanza, na akikataa kusema msimlazimishe, andikeni mlichokiona kwa macho yenu.

Na leteni kwenye karatasi. Simu zenu zinaniumiza macho.

Mzee wenu