Binamu, usimchukulie poa prodyuza

Binamu mambo vipi. Nimeona ulivyoandika kwenye grupu la familia kwamba prodyuza ni mtu wa kutoa hela tu na kukaa mbele siku ya uzinduzi, iliniuma, nikaona nikujibu hapa wazi na wengine wasome.

Ngoja nikupe habari za Tomoyuki Tanaka, prodyuza wa filamu ya Godzilla. Mjapani wa Osaka, kazaliwa 1910, kaingia Toho 1940, na Toho enzi zile ni studio kamili, madairekta, waigizaji na mafundi wote wameajiriwa palepale, majumba ya sinema yao wenyewe na yanadai filamu mpya muda wote. 1948 studio ilipowaka migomo akatoka, akarudi 1952.

Sasa 1954 ana filamu kubwa ya kushirikiana na Waindonesia, kila kitu kimeiva, serikali ya kule ikagoma kutoa viza. Akaenda Jakarta kubembeleza, wapi! Anarudi na ndege mikono mitupu na ratiba ya studio ina pengo linamsubiri yeye. Ndo akawa anaangalia bahari chini anawaza, vipi kama kuna dubwana limelala humo na mabomu ya nyuklia yameliamsha? Maana Machi mwaka huohuo Marekani ililipua bomu la haidrojeni kule Bikini, visiwa vya bahari ya Pasifiki, majivu yakawaangukia wavuvi 23 wa Kijapani kwenye boti yao, watu wakawa wanaogopa hata kula samaki.

Wazo kila mtu analo binamu, kazi ilikuwa kuwapata watu. Akamchukua Ishiro Honda aongoze, mtu aliyetoka vitani akapita Hiroshima akaona kwa macho yake. Eiji Tsuburaya akapewa picha za ujanja, akamvalisha mtu vazi zito la dubwana akanyage Tokyo ya vijumba vidogo, ndani humo joto la taa mpaka jamaa anazimia. Muziki Akira Ifukube. Novemba 3, 1954 Godzilla ikawa kwenye majumba ya sinema, mwaka uleule viza zilipokwama!

Na huyuhuyu jina lake lipo kwenye Yojimbo na Kagemusha, filamu za dairekta maarufu wa Kijapani Kurosawa. Filamu zaidi ya 200, kafariki 1997, na filamu za Godzilla aliendelea nazo mpaka ya 1995.

Ukitaka kuangalia tafuta ile ya kwanza ya Kijapani, nyeusi na nyeupe, sio ile ya 1956 ambayo Wamarekani waliikatakata wakamchomeka mwigizaji Raymond Burr, hiyo imepunguzwa makali mno.