Saksafoni haikuzaliwa kwenye jazi

Ndugu Mhariri,

Naomba nafasi nimjibu mwandishi wako wa burudani. Amesema watu wanne wenye saksafoni wakipiga Bach, mtunzi wa klasiki wa Ujerumani, kisha wakaingia kwenye jazi katika onyesho hilohilo, wanachanganya visivyochanganyika. Mimi ni mpuliza saksafoni aina ya tena. Nimezeekea kwenye bendi za dansi hapa Morogoro. Maneno yale yameniuma.

Adolphe Sax, fundi wa Kibelgiji, alisajili chombo hiki Paris mwaka 1846, jazi ikiwa bado haijulikani duniani. Alikitengenezea bendi za jeshi na okestra. Kufika 1857, mtunzi Jean-Baptiste Singelée alikuwa amekwisha kuandika muziki wa saksafoni nne: soprano yenye sauti ya juu, kisha alto, tena, na baritoni ya chini kabisa. Sasa mgeni hapo ni nani?

Na huko kuchanganya kulianza zamani. Mpuliza saksafoni wa Kifaransa Marcel Mule, aliyeunda kundi lake la wanne mwaka 1928, alikuwa mwanabendi wa jeshi, lakini alipiga pia kwenye madansi ya Paris. Ule mtetemo wa sauti unaosifiwa leo kwenye saksafoni ya klasiki ya Kifaransa, yeye aliuchota kwa watu wa jazi. Miaka minne baadaye Glazunov, mtunzi Mrusi aliyekuwa akiishi Paris, aliwaandikia wapulizaji wanne kazi ambayo mpaka leo inapigwa. Kisha Wamarekani wakaja kwa mlango wa pili: mwaka 1977 Julius Hemphill, Oliver Lake, David Murray na Hamiet Bluiett walianzisha World Saxophone Quartet. Walikuwa watu wa jazi kabisa, lakini waliketi wanne bila ngoma, bila besi, bila kinanda. Msikilizeni Bluiett na baritoni yake, mwone kama kuna aliyelikumbuka gitaa la besi.

Kazi yenyewe ni ngumu, na hilo mwandishi hakuligusa. Kwenye dansi, nikikosea noti, ngoma na magitaa yananifunika. Kwenye wanne hakuna pa kujificha. Hata kuvuta pumzi mnapeana zamu, maana mkivuta pamoja wimbo unakatika. Nasema hivyo kwa sababu tunajaribu: mimi na wenzangu, wengine wastaafu wa bendi ya polisi, tunakutana jioni kwenye baraza ya kanisa. Tunaanza na nyimbo za Kilutheri, zile za sauti nne ambazo kila mwanakwaya anazijua, kwa sababu kila saksafoni inapata sauti yake. Zikishakaa sawa, alto anaachiwa atembee anavyotaka juu yake, nasi tunamshikilia chini. Watoto wa jirani huacha mpira wakaja kusikiliza.

Tunachokosa ni baritoni. Sehemu yake napiga mimi kwa saksafoni yangu ya tena, na haifiki chini inakotakiwa. Kama yuko msomaji, shule au parokia yenye baritoni iliyolala stoo, hata kama pedi za kuzibia matundu zimekwisha, naomba atupate kupitia kwako. Fundi tunaye.

Mpuliza saksafoni,
Morogoro